Kaza Mpaka Ilie

Gurudumu dogo la mbele lilichomoka katikati ya ua wa gereji, mchana kweupe, mbele ya watu wale wale ambao Sindano asingependa walione likichomoka. Lilidunda juu ya saruji, likajiviringisha kwa madaha, likaenda kulala chini ya lori lililokuwa likingoja breki. Kiti kikainama upande. Sindano alidaka ngazi ya lori kwa mkono mmoja, na kwa mkono mwingine akakumbatia mkoba wake wa kazi, maana heri aanguke yeye kuliko mkoba.

"Si nilisema?" Mama alipaza sauti kutoka mlango wa jikoni, hata vumbi halijatulia.

"Hukusema gurudumu litachomoka, mama."

"Nilisema safari hii haina heri. Hiyo ni ishara."

"Hiyo ni boliti," alisema Sindano. "Ishara haina meno."

Jina la Sindano alipewa kwa sababu mbili: alikuwa fundi wa vyerehani, na alikuwa na mdomo. Miguu ilimwacha akiwa mdogo, baada ya homa ambayo mama yake mpaka leo hapendi kuitaja, na tangu hapo mwendo wake ulikuwa wa magurudumu. Alikaa kwa wazazi, katika chumba cha nyuma ya gereji ya baba yake, na vyerehani vya watu alivitengenezea barazani, mvua ikinyesha anaviingiza ndani kimoja kimoja. Mtu mzima, mwenye mvi alizokuwa akizing'oa mbele ya kioo, bado anaulizwa anakwenda wapi na atarudi saa ngapi.

Siku hiyo alikuwa anakwenda na harudi. Alikuwa amepata nyumba ya vyumba viwili: cha mbele cha kazi, cha nyuma cha kulala, mlango hauna ngazi, na barabara yake ni tambarare. Baba na kaka yake waliposikia, walikwenda kwa mwenye nyumba kimyakimya, wakamweleza kwamba binti yao ana papara tu na asimtilie maanani. Walikosea mlango. Mwenye nyumba alikuwa mjane aliyekwisha kusemewa na wanaume vya kutosha. Aliwasindikiza mpaka nje, kisha asubuhi ya jana yake akatuma ujumbe: "Ufunguo wangu nautia kwenye mkono utakaofunga mlango. Aje mwenyewe kesho, kabla ya saa tisa. Asipokuja, kuna kinyozi ananisumbua kila kukicha, nitampa yeye."

Kwa hiyo Sindano alikuwa na ua wa kuvuka, lango la kutoka na barabara moja ndefu. Sasa alikuwa na magurudumu matatu ya kufanyia yote hayo.

Kaka yake ndiye aliyelifuata gurudumu chini ya lori. Huyo walimwita Winchi, kwa sababu alikuwa akibeba giaboksi kama mtu aliyepakata mtoto. Alitoka nalo, akalifuta kwa shati lake, akaja kichwa chini kama mbwa aliyekula mboga ya watu. Sindano alimtazama mara moja tu. Ndugu uliyelala naye kitanda kimoja utotoni hana pa kujificha.

"Kaka, jana ulikigusa kiti changu?"

"Nilikikaza kidogo tu. Kwa ajili ya safari."

"Kidogo kipi?"

Winchi akaligeuza gurudumu mkononi. "Mpaka ilie."

Hiyo ndiyo ilikuwa sheria ya gereji ile. Kaza mpaka ilie. Baba aliipokea kwa bwana aliyemfundisha kazi, akamkabidhi Winchi, na fundi yeyote aliyepita pale alitoka nayo kama alivyotoka na mafuta kwenye kucha. Boliti ya tairi la lori unaikanyagia spana kwa mguu, unasukuma mpaka chuma kitoe ule mlio wa kugoma, ndipo unajua dereva atafika. Ni sheria njema sana kwa lori. Lakini kiti cha Sindano kilikuwa cha alumini, na alumini ni laini, inataka kubembelezwa. Ukiikaza kwa nguvu ya lori haipati muda wa kulia. Meno ndani ya tundu yananyofoka, na boliti inabaki kuzunguka bure kama ulimi wa mmbea.

Sindano alijivuta kutoka kwenye kiti akahamia juu ya sanduku la spea, kando ya jiliwa la kubania vyuma. Jiliwa hilo lilifungwa kwenye kigogo kifupi kuliko vyote gerejini. Baba mwenyewe alikikata kigogo kile kwa msumeno zamani, ili binti yake aliyekaa chini aweze kulifikia, na hapo ndipo Sindano alipojifunza kushika tupa kabla hajajifunza kushika kijiko vizuri. Aliomba kiti kilazwe. Mwisho wa fremu palikuwa na kipande kinene cha alumini chenye tundu, ambamo boliti ya uma unaoshika gurudumu huingia. Aliingiza kidole chake kidogo, kikatoka na vinyuzi vya alumini vinavyong'aa, pamoja na kitu cheupe kilichoganda.

"Na hii gundi?"

Winchi akageuka kulitazama lori.

"Kaka. Gundi ya nani?"

"Meno yaliponyofoka niliogopa," alisema Winchi, jitu zima, sauti imekuwa nyembamba kama ya kifaranga. "Nikaona gundi itashika mpaka ufike."

"Mpaka nifike wapi? Katikati ya barabara, mbele ya basi?"

Sindano alitaka kumtukana, na matusi alikuwa nayo ya kutosha, lakini aliona kidevu cha kaka yake kinatetemeka akayameza. Ndivyo yalivyokuwa mapenzi ya nyumba ile: wanakaza mpaka wanaharibu, halafu wanapaka gundi na kukaa kimya. Alikuwa ameyala mapenzi hayo tangu utoto, na alikuwa ameshiba.

Baba alikuja akifuta mikono kwa tambara. Aliinama, akachungulia tundu, akainuka na uso wa mtu aliyeokota alichokuwa hajathubutu kukiomba.

"Meno yameliwa," alisema. "Maji yakimwagika hayazoleki. Tutaagiza kiti kingine, kikifika tutazungumza habari ya kuhama."

"Kitafika lini?"

"Kitakapofika."

"Na kinyozi?"

"Kinyozi naye mtoto wa watu. Mwache apate riziki."

Winchi akaona nafasi ya kujikomboa. "Nikichomelee, dada. Dakika moja tu."

"Kwa mashine unayochomelea chasisi? Alumini itayeyuka, nibaki na kiti cha uji."

"Basi tutie boliti nene zaidi."

"Boliti nene itapitaje kwenye uma? Kaka, wewe saidia kwa kunyamaza."

"Binti," alisema Baba, na sasa sauti yake ilikuwa ile ya kufunga mjadala, "asiyesikia la mkuu huvunjika guu."

"Methali hiyo ilinipitia zamani, baba. Nitafutie nyingine."

Mama alicheka bila kutaka, akaziba mdomo kwa upawa. Baba hakucheka. Sindano alifungua mkoba wake, akatoa mkebe wa peremende uliokwaruzika.

Vyerehani vikubwa vya kushonea viatu na mahema navyo vina sehemu za alumini, na washonaji nao wana mikono ya haraka, kwa hiyo meno yaliyoliwa yalikuwa mkate wake wa kila wiki. Ndani ya mkebe mlikuwa na springi fupifupi za waya mgumu wa chuma, kila moja na ukubwa wake. Kazi yenyewe ukiisikia unaweza kuidharau. Unapanua tundu lililoharibika, unakata meno mapya makubwa kidogo, kisha unaizungusha springi mpaka izame humo. Mgongo wa springi unaing'ang'ania alumini, na tumbo lake linaipokea boliti ile ile ya zamani. Tangu hapo boliti haigusani tena na alumini; ni chuma kwa chuma, na tundu linakuwa imara kuliko lilivyotoka kiwandani.

Springi ya ukubwa wa boliti ile ilikuwa imebaki moja.

"Maji nimekubali yamemwagika," Sindano alimwambia baba yake. "Siyazoi. Nachota mengine."

"Unataka kukitoboa kiti chenyewe?" Baba alimshangaa. "Ukipinda kidogo tu, hicho si kiti tena. Ni chuma chakavu. Utakaa ndani miezi."

"Najua."

Na alijua kweli. Tusimpambe: aliogopa. Meno yaliyoliwa peke yake yalikuwa ajali, kosa la kaka. Lakini akitoboa upande, kosa litakuwa lake, na ndilo litakalosimuliwa mezani mpaka azeeke: unakumbuka siku ile ulipojifanya fundi? Kile kiti ndicho kilikuwa miguu yake. Alikuwa anakaribia kuitoboa miguu yake kwa mkono wake mwenyewe, na mikono ilikuwa na jasho. Aliifuta kwenye gauni la safari, ambalo mama yake alikuwa amelipiga pasi asubuhi huku akilalamika.

"Kaka, njoo. Kaa pale pembeni. Usiguse kitu. Tazama keekee tu inavyotoboa. Ikiinama kushoto sema kushoto, ikiinama kulia sema kulia."

Fremu ikabanwa kwenye jiliwa, na vipande vya mbao viliwekwa pande zote mbili isiumie. Juu kidogo ya ncha ya keekee ya mkono Sindano alifunga uzi mwekundu wa cherehani, kuonyesha mwisho wa kina, maana tundu lile halikutokea upande wa pili. Alitia matone ya mafuta ya taa.

"Grisi," alisema Baba.

"Mafuta ya taa, baba. Hii si ekseli."

Alianza kuzungusha. Alumini ilitoka kwa vijimkunjo vyeupe. "Kushoto," alinong'ona Winchi. "Hapo. Hapo hapo. Kulia kidogo." Winchi hakuwa amewahi kunong'ona gerejini, na hata fundi wa breki kule chini ya lori aliacha kugonga ili asikilize. Uzi mwekundu ulipofika mdomoni mwa tundu, Sindano aliacha, akachomoa, akapuliza, akafuta. Kisha akachukua kikata meno. Hapo hakuna mbio. Nusu mzunguko mbele, robo nyuma ili mabaki yakatike, mafuta, tena nusu mbele. Mkono wa Winchi ulikuwa unajifungua na kujifunga wenyewe, unatamani kusukuma.

"Ikigoma unafanyaje?" aliuliza.

"Narudi nyuma."

"Husukumi?"

"Ukisukuma, kinakatikia ndani. Ikigoma unarudi, unasafisha, unaanza tena. Hata wewe ukigoma ndivyo ninavyokufanya, ila hujui."

Springi ilizama vizuri, ikashuka chini ya mdomo wa tundu kwa unene wa ukucha. Chini yake springi hizo zina ulimi mdogo, ambao ndio unaoshikwa wakati wa kuzungusha. Fundi mgeni husahau kuuvunja, halafu boliti ikigota anadhani springi ni mbovu. Sindano aliugonga kwa kijiti cha chuma, tiki, akauchomoa kwa kibano na kuuweka kwenye kiganja cha kaka yake kama zawadi.

Uma ukarudi, gurudumu likarudi, boliti ikaingia kwa vidole tu. Winchi, kwa mazoea, akanyoosha mkono na spana ndefu.

"Weka chini."

Sindano alitumia spana fupi kuliko zote, ile ya kufungulia vifuniko vya vyerehani. Aliikaza, akaihisi imekaa, akaacha.

"Haijalia," alisema Winchi kwa wasiwasi.

"Na haitalia. Imeisha."

Kiti kilisimamishwa juu ya magurudumu yake manne. Baba alikizunguka. Alikitikisa. Alipiga gurudumu teke. Halafu akafanya jambo ambalo hakuna aliyelitarajia: aligeuka, akashika mikono ya kiti, akaketi. Mzee mwenye kitambi cha heshima, mwenye mabega yaliyobeba injini za watu ujana wake wote, aliketi kwenye kiti cha binti yake akajidundisha kwa uzito wake wote, tena, na tena. Kiti kikanesa. Gurudumu halikutikisika.

"Imeshika," alisema taratibu. Mafundi hawadanganyi juu ya kitu kama hicho, hata wakitaka.

"Ahsante, baba. Sasa inuka, saa inakwenda."

Baba hakuinuka. Alikuwa anatazama mbele, kule langoni, ambako malori yalipita na matairi yake makubwa. Kwa kimo kile, tairi lilikuwa refu kuliko yeye.

"Kumbe ndivyo unavyoiona," alisema. "Sikuwahi kukaa hapa. Kumbe kutoka hapa kila kitu kinakuja juu yako." Alishika mikono ya kiti kwa nguvu. "Siinuki."

"Baba."

"Naogopa, binti. Umenisikia? Naogopa. Ukiwa hapa nakusikia ukikohoa usiku. Kule nitamsikia nani? Kaa tu. Siinuki mimi."

Mama alikuwa analia wazi sasa. Winchi alitazama ardhi. Na Sindano, juu ya sanduku la spea, alisikia kifua kikimjaa huruma, na chini ya huruma kulikuwa na hasira, na hasira ilikuwa kubwa zaidi. Angeweza kulia naye. Angeweza kusema basi, kesho. Kesho hiyo alikuwa ameshaisikia mara nyingi.

Alitundika mkoba shingoni. Akaweka viganja kwenye ukingo wa sanduku, akajishusha mpaka chini, kwenye saruji yenye mafuta. Kisha akaanza kwenda. Kiganja, kiganja, mwili ukivutwa nyuma, gauni la pasi likifagia masizi.

"Unafanya nini?" Baba alipaza sauti.

"Nakwenda kuchukua ufunguo wangu."

"Binti! Inuka hapo!"

"Miguu yangu umeikalia."

Alikuwa hajatambaa mbele ya watu tangu utotoni. Siku ile Baba alipomletea kiti cha kwanza, cha mbao, alichokitengeneza mwenyewe kwa magurudumu ya toroli, aliapa mbele ya mtaa mzima kwamba mwanawe hatagusa tena vumbi akiwa na baba hai. Kiapo hicho kila mtu pale alikijua. Sindano alikijua kuliko wote, na ndiyo maana hakugeuka nyuma. Alilipita lori. Fundi wa breki alivuta miguu yake kumpisha, kofia mkononi. Langoni kizingiti kilikuwa cha chuma, na kilikuwa kimechomwa na jua. Alikivuka nacho kikimuunguza mapaja ambayo hayakuhisi, na viganja ambavyo vilihisi. Nje, watu wa mtaani wakaacha walichokuwa wakifanya.

Nyuma yake alisikia kiti kikilalamika, kama kinavyolalamika mtu mzito anapoinuka. Halafu magurudumu juu ya saruji, manne, hakuna hata moja linalogongagonga.

Baba alikisimamisha mbele yake, akafunga breki. Macho yake yalikuwa mekundu. Aliinama amnyanyue, kama alivyomnyanyua maisha yote, mikono chini ya kwapa.

"Hapana," alisema Sindano, akihema. "Shikeni kiti. Msinishike mimi."

Wakakishika, Baba mkono mmoja, Winchi mwingine. Akakigeuzia mgongo, akaweka viganja kwenye ubao wa miguu, akajiinua. Kisha kwenye kiti chenyewe, akajiinua tena, meno yameumana, mpaka akakaa. Alipanga miguu yake kwa mikono. Akafungua breki.

Vidole vya Baba vilikuwa bado kwenye mpini wa nyuma.

"Baba," alisema kwa upole, kwa sababu sasa aliweza kuwa mpole. "Umekaza sana. Legeza."

Ilimchukua mzee muda. Kisha vidole vikafunguka, kimoja baada ya kingine, naye akabaki ameinyoosha mikono hewani, hajui aiweke wapi. Sindano alisukuma magurudumu kwa viganja vilivyochunika akaenda zake. Kwenye kona alisikia Winchi akipaza sauti kwamba jioni ataleta kitanda, na yeye akajibu bila kugeuka kwamba kitanda kije, ila spana ndefu ibaki nyumbani.

Kinyozi alikuwa ameshafika. Alisimama kibarazani mwa mwenye nyumba na kioo kikubwa kwapani, akiitazama saa yake kwa matumaini. Mwenye nyumba alikuwa ameketi mlangoni, ufunguo mapajani. Alimwona mpangaji wake anakuja katikati ya barabara, peke yake, mwendo wa kasi, mpaka akafika kwenye mlango usio na ngazi akasimama.

Alimtazama kutoka juu hadi chini: nywele, mkoba, gauni lililojaa masizi na mafuta, viganja vyenye damu.

"Umeanguka njiani?" aliuliza.

"Hapana," alisema Sindano. "Nilishuka."

Mwenye nyumba aliuokota ufunguo mapajani. Halafu akamwambia kinyozi aende salama na kioo chake kisivunjike, akautia ufunguo kwenye kiganja cha Sindano chenye damu.